Barua ya Wazi kwa Mheshimiwa Msajili: Naomba Herufi Yangu Moja

Mheshimiwa Msajili,

YAH: KUSAHIHISHWA, NA SI KUBADILISHWA, KWA JINA LANGU

Nakusalimu kwa heshima zote zinazostahili cheo chako, na natumaini barua hii itakukuta mzima wa afya, ukiendelea na majukumu ya kulijenga taifa. Jambo lililotajwa hapo juu si geni ofisini kwako. Nimekwisha kuliandikia barua sita, zote kwa njia ya kawaida, kila moja ikiwa na nakala tatu pamoja na viambatisho vilivyotakiwa, na sijapata jibu la hata moja. Hii ya saba nimeona niiandike hadharani, ili kama nayo itapotea, basi ipotee mbele ya mashahidi.

Jina langu ni Subira. Katika kumbukumbu zenu naitwa Subiri. Tofauti ni herufi moja tu, tena ya mwisho, na najua wapo watakaosoma hayo wakatabasamu, kwa sababu hata mimi nilitabasamu siku ya kwanza nilipokuja kwenu, karibu miaka minne iliyopita, nikidhani ni kazi ya robo saa. Lakini kila anayejua Kiswahili anajua umbali uliopo kati ya maneno hayo mawili. Subira ni sifa ambayo mzazi humwombea mtoto wake. Subiri ni amri, na kwa uzoefu wangu hakuna amri inayotolewa mara nyingi zaidi katika jengo lako kuliko hiyo. Sifa niliyopewa na wazazi wangu nimejitahidi kuitendea haki kwa miaka yote hii minne. Imekwisha wiki mbili zilizopita, kwa sababu nitakayoieleza mbele.

Naomba kwanza nikupe mfano mdogo. Katika safari yangu ya tatu nilikaa kwenye benchi la ukumbini tangu asubuhi, pamoja na watu wapatao thelathini. Yapata saa saba mchana karani alitokeza kichwa dirishani, akatazama karatasi aliyoishika, akaita kwa sauti, "Subiri!" Sote tukasubiri. Akarudia, "Subiri!" Mzee mmoja aliyekuwa ameketi jirani yangu akamjibu kwa upole, "Tunasubiri, mwanangu." Akaita mara ya tatu, kisha akafunga dirisha. Saa tisa nilipokwenda kuuliza faili langu limefikia wapi, niliambiwa kwamba nimeitwa mara tatu sikuitika, kwa hiyo nianze upya. Kila ninayemsimulia kisa hicho hucheka, nami hucheka naye. Siku ile sikucheka, maana nilitambua kwamba yule karani hakukosea chochote: aliita jina lililoandikwa, nami sikuitika kwa kuwa si langu.

Kosa lenyewe lilianzaje, hakuna aliyewahi kunieleza, kwa hiyo nimebaki kukisia. Cheti changu cha kuzaliwa cha zamani kiliandikwa kwa mkono, na mhuri wa ofisi yenu, ule wa duara wenye wino wa zambarau, uligongwa juu kabisa ya herufi ya mwisho ya jina langu. Ukikiinua cheti kwenye mwanga wa dirisha utaiona herufi ile chini ya wino, na naapa ni "a", ina tumbo lake. Lakini ukikilaza mezani unaona mstari mmoja tu uliosimama, ambao mtu mwenye haraka anaweza kuuita "i". Kwa miaka mingi jambo hilo halikunidhuru, maana shuleni niliandikishwa kwa jina alilolitamka baba yangu, na ndilo lililomo katika vyeti vyangu vyote vya masomo. Kisha mkahamisha kumbukumbu kutoka kwenye karatasi kuziingiza kwenye kompyuta. Nadhani aliyepewa kazi ya kunakili alikuwa na marundo ya vyeti mezani, na nadhani pia (nisamehewe kama namsingizia) kwamba alikuwa ameshinda dirishani akiwaambia watu neno moja, mkono ukaandika kile ambacho mdomo umekizoea. Au pengine ni mashine iliyojisahihishia yenyewe kwa kuona kwamba "subiri" ni neno inalokutana nalo zaidi. Vyovyote iwavyo, mhuri ni wenu, karani ni wenu na mashine ni yenu, lakini anayetakiwa kuapa, kulipa ada na kuleta mashahidi ni mimi.

Tangu mifumo ilipounganishwa nimekuwa watu wawili, na wawili hao hawafahamiani. Subira amesoma, ana vyeti na ana walimu wanaomkumbuka, ila hana kitambulisho. Subiri ana kitambulisho, ila hajawahi kukanyaga darasani hata siku moja. Nilipoitwa kwenye usaili wa kazi, bwana mmoja mstaarabu aliziweka karatasi zangu sambamba juu ya meza, akazitazama kwa muda, kisha akaniuliza kwa adabu kabisa kama vyeti vile ni vya dada yangu. Kazi hiyo sikuipata. Niliyoipata baadaye, mshahara wa miezi miwili ya kwanza ulirudi ulikotoka kwa sababu jina la mlipwaji halikulingana na jina la mwenye akaunti. Wala usidhani kwamba mwajiri anahitaji sababu kubwa ili kuweka karatasi za mtu kando. Mwaka 2004 wachumi Marianne Bertrand na Sendhil Mullainathan walichapisha matokeo ya jaribio walilolifanya katika miji ya Boston na Chicago: walituma maombi ya kazi yapatayo 5,000 ya watu wasiokuwepo, yenye sifa zinazolingana, wakitofautisha majina tu, na yale yenye majina yanayosikika kuwa ya Wazungu yalipata simu za kuitwa kwa asilimia 50 zaidi kuliko yale yenye majina yanayosikika kuwa ya Wamarekani weusi. Na hao angalau kila mmoja wao alikuwa na jina moja. Mimi naingia ofisini kwa mtu nikiwa na mawili, na kabla sijafungua mdomo kujieleza nimekwisha kuwa mshukiwa.

Niruhusu niseme neno kuhusu jina lenyewe, kwa sababu nahisi kwamba ofisi inayoandika majina kwa maelfu inaweza kufika mahali ikasahau ni kitu gani inachokiandika. Kiswahili sanifu hakimuulizi mtu "jina lako ni nini?" Kinamuuliza, "Jina lako nani?" Nini ni swali la kitu, nani ni swali la mtu, na waliotuachia lugha hii waliona kwamba anayeulizwa jina anaulizwa nafsi yake. Wanasayansi wamefika karibu na hapo kwa njia ndefu zaidi. Uchunguzi uliochapishwa mwaka 1995 ulionyesha kwamba mtoto mchanga wa miezi minne na nusu tayari husikiliza sauti ya jina lake kwa muda mrefu zaidi kuliko majina mengine, hata yale yenye mkazo unaofanana na wa lake. Yaani hajui kukaa, hajui kusema "mimi", lakini sauti moja imekwisha kupata makao ndani yake. Mapema zaidi, mwaka 1959, Neville Moray aliwavalisha watu vipokea sauti masikioni, akawaamuru wafuatilie maneno ya sikio moja tu na kuyapuuza ya sikio la pili. Maneno yaliyorudiwa mara nyingi katika sikio la pili hawakuyakumbuka kabisa, lakini lilipotajwa jina la msikilizaji mwenyewe, takriban theluthi moja yao walilisikia. Kila aliyewahi kukaa kwenye ukumbi wenye kelele akasikia jina lake likitajwa pembe ya mbali anajua hilo bila kuvalishwa chochote.

Mimi jina langu nimelisikia kwanza kwa sauti ya baba. Alikuwa haniiti kama watu wengine wanavyoita. Akiwa mbali aliivuta ile herufi ya mwisho, aliivuta mpaka pumzi imwishie, na mimi nilijua kwa urefu wa ile "a" kama ameniletea kitu au kama nimeharibu kitu. Hiyo ndiyo herufi mliyoikata, Mheshimiwa. Mngekata nyingine yoyote labda ningevumilia.

Baba mwenyewe alikuja ofisini kwako. Huenda hukuarifiwa. Ilikuwa miaka miwili iliyopita, miguu ikiwa imeanza kumsumbua, na ngazi za kuingilia jengo lenu alizipanda kwa kupumzika mara tatu. Alikuja na daftari lake la mistari lenye jalada lililochakaa, ambalo katika ukurasa wa mwisho aliandika kwa kalamu ya bluu tarehe na saa niliyozaliwa, na chini yake akaandika jina langu na kulipigia mstari. Alilifungua kwenye ukurasa huo akalisukuma chini ya kioo cha dirisha. Mazungumzo yaliyofuata nayakumbuka neno kwa neno.

"Mzee, tunahitaji ushahidi," alisema karani.

"Ushahidi wa nini?"

"Kwamba jina la huyu dada ni Subira."

"Ni mimi niliyempa."

"Sawa, mzee, lakini una waraka wowote wa serikali unaoonyesha hivyo?"

Baba alinyamaza kidogo, kisha akamuuliza yule kijana jina lake. Kijana akalitaja. Baba akasema, "Na wewe ulilijuaje? Uliona waraka, au mama yako alikuita ukaitika?"

Kijana alicheka. Ni mtu mwema, sina ugomvi naye, na alionekana kusikitika kwa dhati alipolirudisha lile daftari na kusema kwamba mfumo haukubali. Tukashuka ngazi. Baba hakusema kitu mpaka tulipofika chini, ndipo akasema kwamba katika maisha yake amewahi kukataliwa mambo mengi, lakini hajawahi kukataliwa kuwa anajua jina la mtoto wake.

Safari nyingine niliambiwa jina lisinikoseshe usingizi, kwa sababu siku hizi mfumo unamtambua mtu kwa namba, na namba yangu ni sahihi. Nilishukuru kwa faraja hiyo. Serikali ya Kanada nayo iliwahi kufikiri hivyo hivyo. Kuanzia miaka ya 1940 Wainuiti, wenyeji wa asili wa kaskazini ya mbali yenye barafu, ambao hawakuwa na majina ya ukoo na ambao majina yao yaliwashinda makarani kuyaandika, waligawiwa vipande vidogo vya duara vilivyopigwa namba, vyenye tundu la kupitishia uzi ili vivaliwe shingoni. Herufi E mbele ya namba ilimaanisha mtu wa mashariki, na W mtu wa magharibi. Utaratibu huo ulikuja kuachwa, na mwishoni mwa miaka ya 1960 kazi ya kuandikisha majina ya ukoo badala ya namba alikabidhiwa Abe Okpik, yeye mwenyewe Muinuiti, ambaye alizunguka kutoka makazi hadi makazi akiwauliza watu wanataka kuandikwa nani. Naomba usome tena sehemu hiyo ya mwisho. Mtumishi wa umma alisafiri kwenye barafu kuwafuata watu na kuwauliza majina yao. Mimi sikuombi unifuate popote. Nimekuja mwenyewe, mara kumi na moja.

Sasa nije kwenye suluhisho nililopewa, maana nisije nikaonekana mkaidi ninayekataa msaada. Nimeambiwa kwamba njia rahisi, tena ya haraka, ni kujaza fomu ya kubadili jina, niiambatanishe na hati ya kiapo, nitangaze, nilipe, na baada ya hapo nitakuwa Subira kihalali. Fomu hiyo ninayo hapa mezani. Inanitaka niape kwamba jina langu tangu kuzaliwa ni Subiri, kwamba kwa hiari yangu naliacha na kulikana moja kwa moja, na kwamba kuanzia tarehe ya kutia saini nachukua jina jipya la Subira. Yaani niape kwa Mungu kuwa baba yangu aliniita amri. Niape kwamba jina alilonipa kabla sijafungua macho vizuri nimelipata mwaka huu, kwenye fomu, kwa kulipia ada. Siwezi. Kiapo hicho ni cha uongo, na ofisi yako ndiyo inayonifundisha kukila.

Kuna watu waliobadili majina, na nawaheshimu. Cassius Clay alipokuwa Muhammad Ali mwaka 1964 alisema wazi kwamba jina la kwanza lilikuwa la utumwa na si yeye aliyelichagua, na mwaka 1967 Ernie Terrell, aliyeng'ang'ania kumwita Clay kabla ya pambano lao, alijikuta ulingoni akiulizwa kati ya ngumi na ngumi, "Jina langu nani?" Malcolm Little aliweka X mahali pa jina la ukoo, iwe alama ya lile jina la Kiafrika ambalo mababu zake walinyang'anywa na ambalo yeye asingeweza kulijua. Hao walikuwa na jina la kuliacha. Mimi sina la kuacha, ninalo la kurudishiwa tu, na tofauti hiyo mtu asiyeijua anaweza kuiona ni ya kisheria, ila mwenye jina anaiona ni ya kama alizaliwa au hakuzaliwa.

Niliofanana nao zaidi ni Waturuki wa Bulgaria. Kati ya mwisho wa mwaka 1984 na mwanzo wa 1985 serikali ya huko iliwalazimisha mamia ya maelfu ya watu hao kuchukua majina ya Kibulgaria, ikawapa vitambulisho vipya, na mtu akaamka akiwa mwingine katika karatasi. Utawala ule ulipokwisha kuanguka, mwaka 1990, sheria iliwaruhusu kuyarejesha majina yao. Kuyarejesha, Mheshimiwa. Silinganishi ofisi yako na watu wale, Mungu apishie mbali. Wale walifanya makusudi kwa kuwa walijua uzito wa jina, na ninyi mmefanya kwa kutojua kama lina uzito wowote. Kwa aliyeharibiwa jina, sina hakika kipi kinaumiza zaidi.

Tena si kwamba naomba hisani. Mkataba wa Haki za Mtoto wa mwaka 1989, ambao karibu kila nchi duniani imeuridhia, yetu ikiwemo, unasema katika ibara ya 7 kwamba mtoto asajiliwe mara tu anapozaliwa na awe na haki ya jina. Ibara ya 8 inakwenda mbali zaidi: inaitaja haki ya mtoto ya kuhifadhi utambulisho wake, yaani uraia, jina na uhusiano wa kifamilia, na inazitaka serikali, pale mtoto anapopokonywa sehemu ya utambulisho huo kinyume cha sheria, zimsaidie kuurudisha kwa haraka. Ibara hiyo ilipendekezwa na Argentina, nchi ambayo wakati wa utawala wa kijeshi wa 1976 hadi 1983 watoto wachanga wa wafungwa waliopotezwa walichukuliwa, wakapewa majina mengine na kulelewa na watu wengine. Mabibi wa watoto hao, wanaojulikana kama Mabibi wa Plaza de Mayo, wamewatafuta bila kuchoka tangu mwaka 1977 na wamekwisha kuwapata wajukuu zaidi ya 130, wengi wao wakiwa watu wazima waliokuwa wameishi miongo na jina lisilo lao. Katika hao wako walioamua kulirudia jina walilopewa na mama zao kabla ya kuuawa. Nilipoyasoma hayo nililifunga gazeti nikakaa kimya. Msiba wangu haufiki hata ukucha wa msiba wao, lakini nilielewa kwa nini mtu wa miaka thelathini na kitu anaweza kulilia neno ambalo hakuwahi kuitwa akalikumbuka.

Utasema mimi si mtoto tena. Ni kweli. Mhuri wenu ulipogongwa juu ya jina langu nilikuwa na siku chache.

Utasema pia, kama alivyoniambia ofisa mmoja, kwamba nishukuru kwa kuwa angalau nimeandikwa. Nashukuru. Najua kwamba kwa hesabu za UNICEF za mwaka 2024 watoto takriban milioni 150 duniani walio chini ya miaka mitano hawakusajiliwa popote, na nani angependa kuwa miongoni mwao. Hata hivyo, asiyeandikwa anaweza kuja kesho akaandikwa. Mimi nimekwisha kuandikwa, kwa hiyo nikija naambiwa nafasi yangu imejaa, ameikalia Subiri.

Na hapa naomba nikukumbushe maneno yako mwenyewe, kwa heshima. Siku mlipozindua mfumo huo ulisimama mbele ya vipaza sauti ukatuahidi kwamba makosa madogo madogo ya herufi yatarekebishwa ndani ya siku 30, bila usumbufu wowote kwa mwananchi. Nilikusikiliza redioni, na kwa furaha niliyokuwa nayo niliiandika ahadi hiyo pembeni mwa gazeti, ambalo bado ninalo. Tangu siku hiyo zimepita zaidi ya siku 1,400. Katika siku hizo nimeambiwa kwamba mtandao unasumbua, kwamba mwenye ufunguo yuko likizo, kwamba faili halionekani, kwamba faili limeonekana lakini aliyeliona amehamishwa, na kwamba daftari la mwaka wangu wa kuzaliwa, ambalo mtu akilifungua kwa dakika moja ataiona "a" yangu haina mhuri juu yake, liko kwenye ghala linalofanyiwa ukarabati. Nimeambiwa nije kesho. Nimeambiwa nije wiki ijayo. Zaidi ya yote nimeambiwa nisubiri, na kila nikiambiwa hivyo huwa sijui kama naamrishwa au naitwa.

Ile sababu niliyoahidi kuieleza ni hii. Baba yangu amefariki. Aliacha wasia alioandika kwa mkono wake, ukurasa mmoja, ukiwa na majina ya watoto wake watatu kwa mpangilio wa kuzaliwa. Wiki mbili zilizopita tulikwenda kufungua mirathi. Karani wa huko, ambaye si wa ofisi yako, alisoma jina la kaka yangu mkubwa, akalilinganisha na kitambulisho, akaweka alama ya vema. Akasoma la kaka yangu wa pili, akaweka vema. Alipofika kwangu kalamu ikasimama hewani. Alitazama wasia, akatazama kitambulisho, akatazama wasia tena, kisha akainua uso na kuuliza, bila ubaya wowote, "Marehemu ameandika Subira. Wewe ni Subiri. Huyu Subira yuko wapi?"

Sikuweza kujibu. Kaka yangu mkubwa alisema, "Ndiye huyu." Karani akasema hawezi kuandika "ndiye huyu". Basi akachukua penseli akaandika kando ya jina langu maneno haya: hajathibitika kuwa mtoto wa marehemu.

Aliyeweza kuthibitisha tulikuwa tumemzika siku tisa kabla. Alikuja kwako akiwa hai, na daftari lake mkononi, akaambiwa yeye si ushahidi.

Si mali inayoniliza. Alichoacha ni kidogo, na kaka zangu wamekwisha kuniambia kwamba watagawana nami hata kama karatasi itakataa. Kinachoniliza ni yale maneno ya penseli, na kujua kwamba yameandikwa na mtu aliyekuwa akifanya kazi yake sawasawa, akisoma kile ambacho ofisi yako imemwandikia.

Kwa hiyo naomba daftari la asili litolewe ghalani na kufunguliwa mbele yangu. Naomba barua zangu sita zijibiwe. Naomba nirudishiwe ada nilizolipa mara nne kwa kosa ambalo si langu, pamoja na nauli, na siku za kazi nilizokatwa mshahara. Naomba makarani waelekezwe kugonga mihuri pembeni na si juu ya majina ya watu. Naomba fomu ya kusahihisha itenganishwe na fomu ya kubadili, na naomba mzazi aliye hai akubaliwe kuwa ushahidi wa jina la mwanawe. Nimeyasoma tena haya niliyoyaandika, naona nimeomba mengi mno, na najua hatima ya mengi katika meza za wakubwa. Basi ada bakini nazo. Nauli nimesamehe. Barua msizijibu. Naomba herufi moja tu. Itoeni "i", irudisheni "a", na msiniapishe uongo kwa ajili yake.

Kikao kijacho cha mirathi ni mwezi ujao. Jumatatu nitakuja tena, mara ya kumi na mbili, na nitakaa kwenye benchi lile lile la mbele, mkabala na dirisha la pili. Akitokea mtu akaita Subira, nitasimama.

Wako mtiifu,

Subira
(kwenu: Subiri)